Mkono Mmoja Uliovuja: Uchambuzi wa Mkataba wa Chemchemi

Katika miaka minane ya Mkataba wa Chemchemi, mkono mmoja tu ndio uliovuja. Haukuwa mkono wa mfalme, wala wa wachimbaji waliotoboa mwamba, wala wa madalali waliouza maji ya wenzao gizani. Ulikuwa mkono wa mzee wa Bondeni, karani wa kokoto, ambaye kosa lake lilikuwa kuwaachia majirani kata kumi za maji katika mwaka wa kiangazi. Uchawi uliowekwa ili uwanase wezi wote ulimnasa yeye peke yake.

Kisa ni cha kubuni, na chemchemi hiyo haimo kwenye ramani yoyote. Nilikitunga kwa ajili ya hadithi ndefu ninayoiandika, na katika rasimu ya kwanza alikuwemo mfalme mchoyo aliyeharibu kila kitu. Rafiki aliyeisoma akaniuliza: huyu mfalme asingekuwepo, ingekuwaje? Nikamfuta ili nione. Mkataba ukafa vilevile, tena mapema zaidi. Ndipo nikaketi kuusoma kifungu kwa kifungu kama mtu anayechunguza maiti, na nilichokikuta ni hiki: mkataba huu haukuvunjwa na yeyote. Ulitekelezwa neno kwa neno mpaka ukafa.

Tuanze na mali yenyewe. Maji-mwanga hutoka kwenye ufa wa mwamba juu mlimani, kuanzia jua linapozama hadi alfajiri inapokaribia. Yana mwanga hafifu, kama kimulimuli aliyefumbatwa kiganjani. Tone likidondokea jeraha, jeraha hujifunga huku unalitazama. Kata moja humwinua mzazi aliyepoteza damu nyingi. Lakini maji haya yana kasoro mbili ambazo ndizo zilizozaa siasa yote ya kisa hiki. Yakipigwa na jua hugeuka maji ya kawaida, ya kuoshea vyombo. Na hata yakifichwa gizani, nguvu yake hupungua kila saa inayopita. Kutoka mlimani hadi Bondeni ni mwendo wa usiku mbili, na kinachofika ni nusu ya nguvu iliyoondoka.

Watu wa Mlimani ni wachache na wanaishi hatua chache kutoka kwenye ufa. Watu wa Bondeni ni wengi, wana mashamba, wahunzi na jeshi. Walipigana mpaka pande zote mbili zikaanza kuyatumia maji kuponya majeraha yaliyotokana na kuyapigania maji, na hapo hata majemadari wakaona aibu. Wajumbe wakakutana mwambani katika masika ya mvua ambayo wazee hawakuwahi kuiona mfano wake. Wakaipima chemchemi mwezi mzima. Ikawapa kata tisini kila usiku. Wakaandika:

"Kila usiku Bondeni itateka kata sitini na Mlimani kata thelathini, milele."

Ni sentensi fupi, na nimekaa nayo kuliko sehemu nyingine yoyote ya hadithi. Msomaji wa haraka huona ndani yake ubabe: mkubwa kachukua theluthi mbili. Sivyo. Wajumbe waliijua njia. Kata sitini zikisafiri usiku mbili hufika na nguvu ya kata thelathini, sawasawa na zile zinazobaki mlimani. Waligawana nguvu nusu kwa nusu, na ilikuwa hesabu ya haki kabisa. Ila hawakuiandika. Wajumbe wa Bondeni walitaka kurudi nyumbani na namba kubwa ya kutangaza sokoni, na wale wa Mlimani wakaona hakuna ubaya kuwaachia fahari hiyo, mradi kila mtu pale anajua ukweli.

Kila mtu pale alikufa. Namba ikabaki, sababu ikazikwa. Miaka mitano baadaye vijana wa Mlimani wanauliza: ufa uko kwetu, sisi ndio tunaoulinda na nyani na maporomoko, kwa nini wale wanapata mara mbili yetu? Hakuna wa kuwajibu.

Hapa mkataba wa Nile wa mwaka 1959 kati ya Misri na Sudan, ambao nitausema vibaya baadaye, uliwashinda wajumbe wangu. Nchi hizo mbili ziligawana wastani wa mita za ujazo bilioni 84 kwa mwaka, kwa vipimo vya Aswan: bilioni 55.5 za Misri, 18.5 za Sudan, na bilioni 10 zikaandikwa waziwazi kuwa ni za kupotea kwa mvuke na kuvuja. Hasara ilipewa mstari wake. Mtu akifungua maandishi hayo leo haoni tu nani anapata nini, anaona pia kile ambacho hakuna anayekipata.

Kosa la pili kwenye sentensi ile ni la kipimo. Wajumbe walipima mwaka wa neema wakaufanya kuwa kawaida ya dunia. Ningeona aibu kuwapa ujinga huo kama binadamu wa kweli hawangeshaufanya. Novemba 1922 wajumbe wa majimbo saba ya Marekani walitia saini mjini Santa Fe mkataba wa kuugawa mto Colorado: futi-ekari milioni 7.5 kwa mwaka kwa majimbo ya juu, na milioni 7.5 kwa majimbo ya chini (futi-ekari moja ni maji ya kufunika ekari moja kwa kina cha futi moja). Kila fungu ni takriban mita za ujazo bilioni 9.25. Takwimu walizozitegemea zilitoka katika miaka ya mvua kupita kiasi. Baadaye watafiti walisoma pete za miti ya kale, ambazo huwa nyembamba miaka ya ukame na nene miaka ya mvua, wakaona kwamba mto ule kwa kawaida hauna maji mengi kiasi hicho. Kufikia hapo mwaka 1944 Mexico nayo ilikuwa imeshaahidiwa futi-ekari milioni 1.5. Watu waligawana mto uliokuwepo kwenye karatasi.

Sasa nikuonyeshe uchotaji wenyewe, maana sheria nyingi za kisa hiki hazikuandikwa, zilizoeleka tu.

Giza likiingia, makarani wawili huketi pande mbili za ufa. Wa Bondeni ni mzee mwenye magoti mabovu. Wa Mlimani ni binti aliyerithi kazi ya mama yake. "Shikamoo mzee." "Marahaba binti. Limeamkaje leo?" Anauliza habari za jiwe kana kwamba ni mgonjwa. Binti huweka kiganja kwenye mwamba na kusema limeamka zito, au limeamka jepesi. Kisha kazi inaanza. Kata ni moja tu, kifuu cha nazi kilichotiwa mpini, na mkataba unaitaja hiyohiyo: "kata hii". Kila inapojaa na kumiminwa kibuyuni, kila karani hudondosha kokoto moja katika chungu chake. Tik, tik. Wakimaliza, kokoto za vyungu viwili huhesabiwa na lazima zilingane. Vibuyu vya Bondeni huzibwa kwa nta, hufungwa ngozi nyeusi, na wachukuzi huondoka mbio ili jua liwakute wamekwisha kuingia msituni.

Kwa sababu ya mbio hizo, Bondeni huteka kwanza. Hakuna kifungu kinachosema hivyo. Ilikuwa hisani: wenye safari ndefu watangulie, wenyeji watateka baadaye kwa nafasi yao. Chemchemi ikitoa tisini, nani atangulie na nani afuate ni mambo ya adabu tu.

Mwaka wa sita ikatoa hamsini.

Mkataba unasema Bondeni sitini. Bondeni wakateka hamsini zote, wakafunga vibuyu, wakaondoka. Binti wa Mlimani akabaki na kifuu kikavu. Usiku uliofuata ikawa hivyohivyo, na uliofuata. Hisani ilikuwa imegeuka haki ya kwanza bila mtu kuipigia kura. Majimbo ya magharibi mwa Marekani yana kanuni kamili ya namna hii: aliyetangulia kuyatumia maji hutangulia katika haki, na mto ukipungua anayekosa ni aliyekuja nyuma. Huko angalau ni sheria inayojulikana, mtu anainunua ardhi akiifahamu. Mlimani waliingia humo kwa kumpisha mgeni.

Na kiapo? Hapa ndipo uchawi unapoingia, na hapa ndipo nilipokuwa najidanganya kwa muda mrefu.

Wazo la kiapo chenye meno sikulitoa hewani. Yapata mwaka 2450 kabla ya Kristo, miji ya Lagash na Umma katika Iraki ya leo iligombea shamba la mpakani na maji ya mifereji yake. Eannatum wa Lagash aliposhinda vitani, alimwapisha mtawala wa Umma kwa nyavu za miungu: akiuvuka mpaka tena, wavu mkubwa wa Enlil umwangukie. Kiapo kilichongwa kwenye jiwe ambalo vipande vyake viko katika jumba la makumbusho la Louvre mjini Paris, likiitwa Jiwe la Tumbusi kwa sababu ya ndege waliochongwa wakibeba vichwa vya maadui. Umma iliuvuka mpaka. Wavu haukuanguka, na ugomvi uliendelea kwa vizazi.

Mimi nilitaka kujua ingekuwaje kama wavu ungeanguka kweli. Basi nikaandika kwamba kila mtu anayeigusa chemchemi ameapa juu yake, na anayevunja kiapo chake, kiganja chake huvuja: maji yoyote, ya mwanga au ya mtoni, hupita katikati ya nyama na mifupa kama yanavyopita kwenye chekecheke. Hakuna mahakama, hakuna mashahidi, hakuna rushwa. Nilijiona nimetatua tatizo lililowashinda wanadamu tangu Lagash. Ningekuwa mjumbe mle ndani, ningelala usingizi mzuri.

Angalia lakini kilichotokea usiku ule wa hamsini. Wachukuzi wa Bondeni walikunjua viganja, maji yakatulia humo kama kwenye bakuli. Hawakuvunja neno lolote. Waliapa kuteka sitini, wameteka hamsini, bado wanadai kumi! Chemchemi iliwaona wasafi, na kwa maandishi yaliyokuwepo chemchemi ilikuwa sahihi.

Mlimani wakatafuta njia yao. Mwaka wa saba walitoboa mwamba hatua arobaini juu ya ufa wa zamani wakapata kata kumi na tano kwa usiku. Ufa wa zamani ukashuka kwa kiasi kilekile, kama ambavyo mtoto yeyote angetabiri. Bondeni wakapanda mlimani na mapanga. Kifungu cha nne cha nakala yao kilisema Mlimani haitatoboa mwamba "bila kuiomba Bondeni idhini". Wazee wa Mlimani wakatoa nakala yao, kwa lugha yao: "bila kuijulisha Bondeni". Na kweli walijulisha. Mjumbe alifika Bondeni na barua siku moja kabla ya patasi kugusa jiwe.

Tofauti ya kitenzi kimoja imewahi kuua watu wengi zaidi ya hapo. Mkataba wa Wuchale wa Mei 2, 1889, kati ya Menelik II wa Ethiopia na Italia, ulikuwa na kifungu cha 17 chenye sura mbili. Kwa Kiamhari, Ethiopia ingeweza kuitumia Italia katika mawasiliano yake na mataifa mengine kama ingependa. Kwa Kiitaliano ilikuwa wajibu, na Italia ikautangazia ulimwengu kwamba Ethiopia iko chini ya ulinzi wake. Hesabu ya kitenzi hicho ilifungwa vitani Adwa, Machi 1, 1896, Ethiopia ilipoishinda Italia. Na suala hasa la idhini juu ya maji linajulikana vizuri kwa wanaoishi kando ya Ziwa Victoria: barua walizobadilishana Uingereza na Misri mwaka 1929 zilitaka kazi zozote za kuathiri maji ya Nile katika nchi zilizokuwa chini ya Uingereza, maziwa yakiwemo, zisifanyike bila Misri kukubali.

Turudi mwambani. Bondeni wakadai wachimbaji wakunjue mikono. Wakakunjua, maji yakamiminwa, na hakuna tone lililopita. Kila mchimbaji alikuwa ameapa kwa maneno ya nakala ya kwao, na hayo alikuwa ameyatimiza.

Sehemu hii ndiyo iliyonifundisha kazi yangu mwenyewe. Nilidhani nimetunga hakimu. Nilichokuwa nimetunga ni mzani. Mzani haujui kwamba kuna nakala mbili, haujui waandishi walikusudia nini, haujui mvua imekatika. Hakimu wa kibinadamu angekuwa na pa kushika. Mkataba wa Vienna kuhusu Sheria ya Mikataba, wa mwaka 1969, una kifungu cha 33 kwa ajili ya shida hii hii: nakala za lugha mbili zikitofautiana na njia nyingine zikishindwa, itafutwe maana inayozipatanisha vizuri zaidi kwa kuangalia lengo la mkataba wenyewe. Kifungu cha 62 kinagusa hata suala la mazingira kubadilika kutoka yale yaliyokuwepo wakati wa kutia saini, ingawa kinalifungulia mlango mwembamba sana. Chemchemi haina kifungu cha 33. Ina viganja tu.

Baraza la usuluhishi lilikuwepo, kifungu cha saba. Wajumbe sita, watatu kwa watatu. Kila mwamba ngoma huvutia kwake, na kura zikawa tatu kwa tatu mara zote walizokutana, hadi wakaacha kupiga wakawa wanakuja kula tu. Sina la kuongeza juu ya baraza hilo ila kwamba Mkataba wa Mto Indus wa 1960 kati ya India na Pakistan uliweka nafasi ya mtaalamu wa nje asiye wa upande wowote, na usuluhishi wa mahakama juu yake. Mkataba huo ulivuka vita vya 1965, 1971 na 1999 ukiwa unafanya kazi, kabla ya India kutangaza kuusimamisha Aprili 2025. Wenyewe, tena, waliugawa kwa mito badala ya kata: mitatu ya mashariki kwa India, mitatu ya magharibi kwa Pakistan. Wajumbe wangu wenye ufa mmoja wasingeweza kuiga hilo hata wangependa.

Na wafugaji? Nusura niwasahau, kama walivyosahauliwa na wajumbe. Kuna watu wa nyanda za kati ambao tangu zamani walinywesha mifugo iliyojeruhiwa kwa maji yaliyomwagika chini ya ufa. Hawakualikwa. Hawakutajwa. Kwa kuwa hawakuapa, mikono yao haiwezi kuvuja, na pande zote mbili ziligundua jambo hilo karibu katika wiki ileile: ukitaka kuiba, mtume mfugaji. Ndiyo asili ya wale madalali wa gizani. Hapa sasa ndipo ninapousema vibaya mkataba wa 1959. Sehemu kubwa kabisa ya maji yaliyogawanywa siku ile, takriban asilimia 85, hutoka katika nyanda za juu za Ethiopia, na Ethiopia haikuwa mezani. Wala nchi za maziwa hazikuwepo. Mwaka 1962 Tanganyika ya Mwalimu Nyerere, ikiwa huru kwa miezi michache, iliziandikia Uingereza, Misri na Sudan kwamba mapatano ya 1929 hayaifungi. Nchi hiyo ilifanya waziwazi, kwa barua, kile ambacho wafugaji wangu walikifanya usiku kwa vibuyu: hatukuapa.

Mwaka wa nane. Tundu jipya lilikuwa limebomoka, ufa umebaki uleule, na chemchemi inatoa hamsini. Bintiye dada wa karani wa Mlimani amejifungua vibaya, analala kwenye nyumba inayoonekana kutoka mwambani, taa yake inawaka. Mzee wa Bondeni anaiona taa hiyo usiku mzima huku akidondosha kokoto. Thelathini na nane. Thelathini na tisa. Arobaini. Anainua mkono, anawaambia wachukuzi: "Limekauka. Fungeni."

Binti anamtazama. Anajua mwamba umeamka mzito, ameushika mwenyewe.

"Mzee, hesabu yako..."

"Nimesema limekauka, mwanangu. Macho yangu ni mazee lakini hesabu naijua."

Wachukuzi wakaondoka na arobaini. Kata kumi zikaenda kwenye nyumba yenye taa na nyumba za jirani yake. Asubuhi mzee aliinama mtoni kunawa uso, akainua viganja viwili, na vilipofika usoni vilikuwa vikavu.

Aliapa kuhesabu kwa kweli, na hakuhesabu kwa kweli. Kwa mara nyingine chemchemi ilikuwa sahihi. Waliomwona wakamchukua hadi Bondeni, wakamwinua mkono mbele ya watu, wakaumiminia maji, na umati ukaona. Hakuna aliyeuliza alifanya nini na kata kumi. Mkono uliovuja ni mkono wa mwizi, na mwizi wa Bondeni anayewaibia Bondeni lazima amenunuliwa na Mlimani. Kinachonishangaza, ingawa ni mimi niliyeandika, ni kwamba watu haohao mwaka mmoja nyuma walisema chemchemi imerogwa ilipowasafisha wachimbaji. Uamuzi wa kwanza waliukataa kwa kuwa uliwanyima ushindi. Wa pili waliupokea kwa sababu uliwapa hasira waliyokuwa wakiitafuta. Jeshi lilipanda mlimani siku tisa baadaye.

Nilijaribu kuuandika mkataba upya, kwa ukaidi tu, nione kama ungeweza kupona. Badala ya namba niliweka mafungu: maji ya usiku huo, yawe mengi au machache, yagawanywe mara kumi, Bondeni sita, Mlimani matatu, wafugaji moja. Usiku wa hamsini hutoa thelathini, kumi na tano na tano, na zile thelathini zikifika Bondeni zina nguvu ya kumi na tano, sawa na za Mlimani. Sababu ya sita kwa tatu nikaiandika ndani ya kifungu chenyewe, ili mjukuu akiuliza ajibiwe na karatasi. Utekaji ukawa wa kupokezana, kata mbili kwa moja, asiwepo wa kwanza. Nikaongeza mapitio kila mvua za tano.

Fungu la wafugaji nililipigania peke yangu kichwani. Kwa nini umpe mtu asiye na jeshi wala ufa? Jibu nililipata kwa sili wa manyoya, wanyama wa baharini wa Pasifiki ya Kaskazini waliowindwa kwa ajili ya ngozi. Mwaka 1911 Marekani, Urusi, Japani na Uingereza kwa niaba ya Kanada zilikubaliana kuacha kuwawinda sili baharini, ambako wengi waliuawa ovyo na kuzama. Wenye visiwa vya mazalio waliendelea kuvuna nchi kavu kwa mpango, na wawindaji wa baharini wakalipwa kwa kukaa kando: Japani ilipata asilimia 15 ya ngozi za Marekani na Kanada 15 nyingine, na Urusi ilitoa vivyo hivyo. Idadi ya sili ikapanda tena. Fungu moja la wafugaji ni bei ya kuwafanya wawe na kitu cha kupoteza, maana asiye na fungu hana sababu ya kuapa.

Kiapo ndicho kilichonichukua muda. Nilitaka kukifuta, nikashindwa, kwa sababu bila kiapo hadithi haina uti wa mgongo. Mwishowe nikabadili maneno machache. Makarani hawaapi tena kuhesabu kama mkataba unavyotaka. Wanaapa kutoficha hesabu. Na chini yake kifungu kidogo: makarani wawili wakikubaliana, wanaweza kuhamisha hadi kata kumi kwa usiku kutoka upande mmoja kwenda mwingine, mradi watamke mbele ya wachukuzi ni ngapi na ni kwa nani, na upande uliopokea ulipe kwa nafaka mavuno yakija. Chini ya maneno hayo mzee angesema kwa sauti, "Kumi ziende kwenye nyumba ile yenye taa," na angenawa uso asubuhi kama kawaida.

Kisha nikawarudisha wajumbe wa kwanza mwambani, kwenye masika yale ya kata tisini, nikawawekea mkataba mpya mbele yao. Hakuna aliyetia saini. Yule wa Bondeni aliuliza atarudije sokoni na "mafungu" badala ya namba. Yule wa Mlimani alicheka kusikia habari ya mwaka wa hamsini. Wote wawili waliona wafugaji ni mzaha. Niliwabembeleza kurasa tatu nzima, kisha nikazifuta, kwa kuwa kila walichosema kilikuwa kile ambacho wangesema.

Basi hadithi imebaki na mkataba wake mbovu. Nilichojiruhusu ni sura moja baada ya vita, ambamo mzee anaishi Mlimani, kwani Bondeni hawakumtaka tena. Mkono haujapona. Akitaka kunywa, binti huteka kwa kifuu kilekile, akamwinulia mdomoni, na kila anapomeza, vidole vyake vya kulia hujifungua pembeni ya goti, kama vinavyodondosha kitu chunguni.